Roboti Iliyonasa Ndani ya Kinu

Roboti ilikuwa imenasa ndani ya kinu cha nyuklia kilicholipuka ng'ambo ya bahari, na Cyriaque, aliyekuwa akiiendesha kwa mbali, alikuwa ameketi kwenye ghala moja Malton, Kanada, ndege zikinguruma juu ya bati. Cheni za roboti zilikuwa zimebanwa na vyuma. Mbele ilisogea. Kurudi nyuma, hata kwa dawa.

"Iache," alisema Kinoti, msimamizi wake. "Wanaingiza mtu akaivute. Dakika chache tu."

"Kwenye mionzi ile?"

"Atavaa nguo za kinga, mzee. Hiyo roboti ni bei ya nyumba Mississauga."

"Basi wanunue nyumba nyingine."

Kinoti alicheka. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mtu wa kutii. Cyriaque hakucheka. Kwenye skrini ya pili, kamera ya nje ya kinu ilimwonyesha mwanamume akivishwa mavazi meupe. Kabla ya glavu, alivua saa akampa mwenzake. Hawakuangaliana.

Cyriaque alilijua jambo lile. Kule Kivu, kwenye mashimo ya madini ya koltani, anayeshuka huacha viatu vyake kwa anayebaki juu. Mdogo wake Divin aliambiwa ashuke mara moja tu, akachomoe pampu. Pampu ilitoka. Divin hakutoka. Viatu vyake vimefika Kanada, viko chini ya kitanda cha kaka yake mpaka leo.

"Mbele ya roboti pana shimo," Cyriaque alisema.

"Ndiyo, sakafu imeporomoka. Sasa... We! Toa mkono hapo!"

"Mkono ni wangu."

"Ukiitumbukiza, kazi huna! Nakuambia kama ndugu."

"Kama ni ndugu, kaivute wewe."

Akasukuma usukani mbele. Roboti ikaburura vyuma vyake, ikainama ukingoni mwa shimo, ikatumbukia. Picha ikapinduka, ikawa giza. Kwenye skrini ya pili watu walishika vichwa. Hakukuwa tena na cha kuvuta.

"Umeniua!" Kinoti alifoka. "Weka kadi ya mlango mezani, utoke!"

Cyriaque hakuinuka. Alingoja mpaka yule mwanamume akavua mavazi meupe, akarudishiwa saa yake, akaifunga mkononi. Ndipo akatupa kadi mezani, akachukua koti.

"Wenye roboti wakiuliza, usijikune kichwa," alisema. "Waambie ni Cyriaque, na alikusudia."