Faili la Mlangoni

Kioo cha kompyuta kilikuwa na sentensi moja tu: Programu hii hailingani na mfumo wako. Mzee aliitazama, akamtazama mwanawe, kisha akarudisha macho kwenye kioo kama mtu aliyezuiwa kuingia katika nyumba aliyoijenga mwenyewe.

Mwanawe alikuwa fundi wa kompyuta, wala hakushtuka. Siku hizi hakushtushwa na lolote. Tangu wamzike mama yake alikula alipoambiwa ale, akalala alipoambiwa alale, na waliompa pole aliwaitikia kama anayeitikia salamu za njiani. Chozi halikumtoka. Majirani walimsifu kwa kujikaza kiume. Dada yake, aliyembeba mgongoni utotoni, hakumsifu hata kidogo.

Mzee alikuwa ameondolewa kisanduku cha sauti kooni miaka iliyopita, ugonjwa ulipokataa dawa. Kabla ya upasuaji, fundi alimketisha hapa hapa sebuleni akamrekodi neno moja moja, mama yao akiwa pembeni na glasi ya maji, ameamriwa asifungue mdomo. Kwa mama yule, amri hiyo ilikuwa adhabu. Baadaye fundi aliyasafisha maneno yale, akifuta vikohozi na minong'ono ya mama, mpaka alipochoka akaacha. Tangu hapo mzee alichapa, na kompyuta ikamsemea kwa sauti yake mwenyewe. Kompyuta ile ilikufa juma lile lile la msiba. Mzee alipoletewa kalamu na karatasi, alizisukuma mbali. Sasa alikuwa bubu kweli, na sahani zake zilirudi jikoni karibu kama zilivyokwenda.

"Akiendelea hivi tutamzika na yeye," dada yake alikuwa amemwambia fundi asubuhi.

"Nimesikia, dada."

"Umesikia kwa masikio tu, mdogo wangu."

Kompyuta mpya, ambamo fundi alikuwa amehamishia programu ya sauti na maneno yale, ilikuwa na nguvu kuliko ile ya zamani. Kilichokataa ni faili moja dogo la maktaba, ambalo programu nyingi hulitumia kwa pamoja kama kisima cha mtaa. Kazi yake ni kuuliza mfumo: wewe ni toleo gani? Likitajiwa toleo lisilolijua, hufunga mlango. Fundi alilifungua, akalisoma mstari kwa mstari, uso mkavu.

"Halijaribu hata kidogo," alisema.

"Nani?" Dada yake alikuwa akifuta vumbi kwenye kabati.

"Hili faili. Kompyuta inaiweza kazi yote, lenyewe linakataa kabla ya kujaribu."

Dada yake alimgeukia. "Namjua mwingine wa hivyo," alisema, akaendelea kufuta vumbi.

Fundi alilibadili faili lile likubali kila linachojibiwa. Programu ya sauti ikafunguka, lakini ile inayomkuzia mzee herufi ikazima, maana zote zilichota kisima kimoja, naye alikuwa amekitibua. Mwanagenzi wake angefanya kosa hilo, angemtania mwezi mzima. Alilirudisha faili la awali mahali pake, kisha nakala aliyoibadili akaiweka ndani ya folda ya programu ya sauti peke yake. Akawasha upya. Herufi kubwa zikaja, na kisanduku cha kuchapia kikafunguka.

Akampisha baba yake kiti. Dada yake akasogea na kitambaa mkononi. Wote wawili waliwaza kwamba mzee atamtaja marehemu, au atauliza kitu ambacho hawangeweza kukijibu. Mzee alichapa kwa kidole kimoja, bila haraka, akabonyeza.

"Chumvi," ilisema sauti yake ya zamani.

Mezani hapakuwa na chakula. Fundi alinyoosha mkono arekebishe, akidhani programu imechukua neno lisilo lake. Ndipo nyuma ya neno, kwa mbali, ikasikika sauti ya mama yao, aliyeambiwa anyamaze akashindwa: "Si hiyo hapo mbele yako."

Lilikuwa neno ambalo fundi alipolifikia alichoka kusafisha, akaacha. Mzee alibonyeza tena, mama akajibu tena, kwa subira ile ile. Kumbe miaka yote hii mzee alijua sauti hiyo ilipo, na alipokuwa na mkewe mwenyewe jikoni hakuwa na haja ya kuitafuta. Akabonyeza mara nyingine, macho ameyafumba.

Fundi aliinuka akaenda jikoni. Alisimama pale na kikopo cha chumvi mkononi, mabega yakimtikisika, mpaka alipoweza tena kuona njia. Kisha akarudi sebuleni, akakiweka mbele ya baba yake.