Nyumba ya Borin Yahama Bila Borin

Kila alipopata wageni, kabla hajawasha injini, Borin aliwaambia kwamba katika kijiji kizima cha Snao, nyumba zote zile zinazoelea juu ya ziwa Tonle Sap, huko Kambodia, hakuna hata moja asiyoweza kuifikia akiwa amefumba macho. Kisha aliyafumba kweli, pumzi mbili tatu, mashua ikiwa bado imefungwa gatini. Wageni wengi walipiga makofi.

Walimu wastaafu sita kutoka Kampong Cham hawakupiga. Walikuja wiki mbili baada ya Sikukuu ya Maji, wamejifunga krama mpya, zile skafu za mirabamiraba, shingoni, kila mmoja na chupa yake ya maji. Kiongozi wao alikuwa Mwalimu Phorn, mwanamke mwembamba aliyesomesha jiografia miaka thelathini na nne. Alitoa daftari akauliza nyumba zenyewe ni ngapi. Borin akasema mia mbili na kumi na saba. Mwalimu akaandika, akauliza zilihesabiwa mwaka gani. Borin akawasha injini.

Mwenzake Phorn, Mwalimu Keat, wa hesabu, alikuwa mtu wa kitambi na vidonda vya tumbo, na yeye alitaka kujua jambo moja tu: watakula saa ngapi. Daktari alimwambia asipitishe saa sita. Borin akamtoa wasiwasi. Saa sita kamili watakuwa wamekaa barazani kwake, mke wake Chenda atakuwa ameshapakua supu chachu ya samaki yenye maua ya manjano ya mti wa snao, na samaki wa kuchoma pembeni. Keat akatazama saa yake, akaonekana kuridhika kwa muda.

Basi wakaizunguka Snao. Borin aliwaonyesha shule inayoelea, ambayo watoto walikuwa wanaipigia makasia kila mmoja kwenye karai lake. Akawaonyesha hekalu, na kizimba cha mamba cha tajiri mmoja, na bustani ya vitunguu iliyopandwa kwenye mtumbwi mkuukuu. Alikuwa na hadithi kwa kila mahali, na hadithi zenyewe zilikuwa zimenenepa mwaka hadi mwaka. Aliposema yule mamba mkubwa ana miaka mia moja, Mwalimu Phorn alimtazama mamba, akamtazama Borin, akasema labda kumi na miwili. Borin akakubali kwamba labda hesabu ilikuwa imechanganyika na ya mamba mwingine.

Ilipofika saa sita kasoro dakika kumi aligeuza omo kuelekea mkondo wa juu, nyumbani.

Hapo yafaa kusema kidogo juu ya nyumba hiyo. Kule Snao, maji ya ziwa yakianza kupungua, watu hufungua kamba, huivuta nyumba kwa mashua, na kwenda kuifunga kwenye kina. Mwaka ule majirani wote wa mkondo wa juu walikuwa wameshahama hata kabla ya sikukuu. Walibaki Borin, na mzee Saing na banda lake la nguruwe, ambalo harufu yake kwa upepo wa asubuhi ilikuwa barazani kwa Borin na kwa upepo wa jioni ilikuwa jikoni. Chenda alimwambia mumewe wahame. Borin akasema kesho. Chenda akamwambia tena, na tena, na kila mara kesho ikawa ile ile.

Sababu Borin hakuisema. Nafasi ya pekee iliyobaki kwenye mkondo wa chini ilikuwa pembeni mwa nyumba ya mama mkwe wake, Bibi Ngim. Bibi Ngim hakuwa mtu mbaya. Alikuwa tu na sauti, na macho mazuri kwa umri wake, na maoni juu ya namna Borin anavyofunga kamba, anavyolala mchana, anavyokata samaki. Kukaa hatua nne kutoka barazani kwake, msimu mzima, lilikuwa jambo ambalo Borin alikuwa bado anajitayarisha nalo.

Mashua ikapinda kona ya mwisho. Banda la nguruwe la Saing lilikuwa pale pale. Pembeni yake, mahali pa nyumba ya Borin, palikuwa na maji.

Maji matupu, yametulia, na ile nguzo ya kufungia kamba, juu yake kasimama mnandi anaanika mabawa.

Borin hakupunguza mwendo. Mkono wake wenyewe ulikaza usukani na mashua ikapita mbele ya pengo lile kama vile lilikuwa kwenye ratiba. Akasikia sauti yake ikisema kwamba huo ni uwazi ambao wanakijiji huuacha kwa makusudi, kwa ajili ya hewa. Nguruwe wakaguna. Mwalimu Phorn akaandika kitu.

Moyoni hali ilikuwa nyingine kabisa. Kwanza aliwaza nyumba imezama, lakini maji pale hayakuwa na kina cha kuzamisha hata kabati. Kisha akawaza imeibwa. Kisha akamwaza Chenda, na huko akabaki muda mrefu zaidi. Akatoa simu kwa siri akampigia. Simu ya Chenda ikaanza kuimba ndani ya mashua, chini ya kiti cha Mwalimu Keat, kwa sababu jana yake Borin mwenyewe aliichukua kuichaji kwenye betri ya injini.

Keat akainama, akaiokota, akasoma kwenye kioo. "Anayepiga anaitwa Kesho," akasema. "Nipokee?"

Borin akasema hapana, huyo ni mteja tu, wataongea baadaye.

Akaenda hadi kituo cha mafuta cha Bibi Tuyet, kijumba cha buluu chenye mapipa mawili, akijifanya anaongeza petroli. Bibi Tuyet ni Mvietnamu, na Borin alikuwa na maneno yake machache ya Kivietnamu aliyookota sokoni. Kwa kuwa walimu wangemwelewa akisema Kikhmer, alimsogelea mama yule akamnong'oneza kwa Kivietnamu, kadiri alivyoweza, kwamba je, ameiona nyumba.

Bibi Tuyet alimtazama kwa huruma. Kumbe Borin alikuwa amemuuliza kama ameoga. Basi akarudia, na akaonyesha kwa mikono paa na kuta, na mama akaelewa, akamjibu kwa Kikhmer kizuri, kwa sauti ya mtu aliyezoea kuongea juu ya injini:

"Nyumba yako? Imepita hapa saa tatu. Mkeo alikuwa anaanika nguo. Kwani hukuambiwa?"

Mwalimu Keat akatazama saa yake. Mwalimu Phorn akafunga daftari taratibu, na kwa mara ya kwanza tangu asubuhi uso wake ukapata uhai.

"Njoo ukae hapa, Borin," akasema. Borin, mwanamume wa miaka arobaini na sita, akaenda akakaa. "Mara ya mwisho kuongea na mkeo ni lini?"

"Jana jioni, mwalimu."

"Alisemaje?"

Borin alijitahidi kukumbuka. Jana jioni kulikuwa na ndondi kwenye televisheni. Chenda alisimama mlangoni akafunika kidogo upande wa kulia wa kioo, na Borin alilazimika kuegemea kushoto. Alikuwa akisema jambo juu ya kaka yake Theng.

"Alisema Theng atafanya nini?"

"Atakuja asubuhi." Maneno yakaanza kumrudia moja moja, kama viatu vilivyochukuliwa na maji. "Atakuja na mashua yake. Alisema... kesho nisimtafute pale."

"Ukajibuje?"

"Nilisema mm."

Walimu wanne waliokuwa nyuma walicheka hadi mashua ikayumba. Mmoja wao, mama mnene wa sayansi, alisema marehemu mumewe naye alikuwa bingwa wa mm, aliwahi kujikuta amenunua ng'ombe kwa mm moja. Borin naye mwishowe akacheka, kwa kuwa hakukuwa na pa kukimbilia. Pande zote ni maji. Akawaambia ukweli wote, na habari ya Bibi Ngim pia. Mwalimu Phorn akasema haya, basi nyumba iko mkondo wa chini, wanangoja nini. Keat akasema ndilo swali alilotaka kuuliza yeye.

Hawakufika mkondo wa chini. Nusu ya njia, pale mkondo unapokuwa mwembamba katikati ya msitu uliofurikwa, walikuta foleni ya mitumbwi ya mboga na mashua moja ya barafu, na watu wake wamesimama wakilalamika. Mbele yao, imejibana kati ya vichwa vya miti miwili, imekaa mshazari, ilikuwa nyumba ya Borin. Nguo zilikuwa zinapepea kwenye kamba ya barazani. Suruali yake ya harusi ilikuwepo. Mbele ya nyumba, ndani ya mashua ndogo, Theng alikuwa amefungua injini yake na kuipanga vipande vipande juu ya gunia, na alikuwa anavitazama kama mtu anayesubiri vijieleze vyenyewe.

Kutoka jikoni moshi ulikuwa unapanda, na harufu ya samaki.

Chenda akatoka na mwiko mkononi. Alikuwa na jasho, na nywele zimemlowa kwenye paji, na Borin alimwona amechoka kuliko alivyomwona jana. Akawasalimu wageni kwa viganja vilivyokutana, mwiko katikati. Kisha akamgeukia mumewe.

"Umechelewa, Baba Mealea. Supu inapoa."

"Mke wangu, umehamisha nyumba."

"Nilikwambia."

"Uliniambia," Borin akasema, mbele ya watu wote, na wale wa mboga walikuwa wamenyamaza wapate kusikia. "Uliniambia mara nyingi. Mimi ndiye sikusikia. Nisamehe."

Chenda alikuwa amejiandaa kwa ugomvi tangu alfajiri, na maneno yake mazuri yote yakakosa kazi. Alisimama akaupitisha mwiko mkono wa pili. Halafu akasema wageni waje wale, na yeye Borin achukue kamba.

Ndivyo ilivyokuwa. Walimu wakapanda barazani, isipokuwa Phorn na yule mama wa sayansi, ambao walishika pondo na kusukuma vichwa vya miti kwa nguvu iliyomshangaza kila mtu, Phorn akitoa amri za kushoto na kulia hata kwa mashua ya barafu. Borin akapenya pembeni hadi mbele ya nyumba, akafunga kamba kwenye tezi ya mashua yake, akavuta, injini ikalia, kuta zikaguna, sahani mbili zikaanguka ndani, na nyumba ikachomoka ghafla hata Theng nusura aanguke majini na vipande vyake. Watu wa mboga wakashangilia.

Kisha safari ikaendelea polepole, Borin peke yake mbele na nyumba yake nyuma, mashua ya Theng imefungwa ubavuni mwake. Kila alipogeuka aliwaona walimu wamekaa jamvini wanakula wali na supu, huku kijiji kinapita taratibu pande zote mbili. Mwalimu Keat aliongezwa mara tatu. Chenda alikuwa anawaonyesha kwa mwiko: yule aliolewa hapa, yule alihama kwa sababu ya shemeji yake, hii mitego ya samaki ni ya wajane wawili wasiosemezana. Walikuwa wanaangua kicheko ambacho hadithi ya mamba haikuwahi kukipata. Borin alimeza mate na kushika usukani.

Bibi Ngim aliwaona kutoka mbali. Alikuwa amesimama barazani kwake, mkono kiunoni, na nyumba ilipokaribia alimtazama mkwewe, akawatazama wazee waliojaa barazani.

"Miaka ishirini na miwili ya ndoa," akasema, "ndiyo kwanza unakuja kwangu na wasindikizaji wa kutosha."

Mwalimu Phorn alimwelewa mara moja. Akanong'ona na wenzake, na kufumba na kufumbua walimu sita wakawa wamejipanga wawili wawili, kama msafara unaompeleka bwana harusi kwa wazazi wa mke: mmoja ameshika mkungu wa ndizi, mwingine sahani ya machungwa, Keat amebeba sufuria ya wali iliyobaki. Mama wa sayansi akaigiza ngoma kwa kopo. Nyumba ilipogusana na nyumba walivuka hivyo hivyo kwa hatua za heshima, na Bibi Ngim, ambaye hakuna aliyewahi kumwona kakosa la kusema, alikaa chini akacheka hadi akajifuta macho kwa ncha ya krama. Kisha akampokea Keat sufuria, akachungulia ndani, akauliza ni nani aliyekula wali wote huu.

Borin akafunga kamba. Bibi Ngim akamwambia fundo lake limelegea. Akalifungua akalifunga upya.

Jioni, jua likiwa bado juu kidogo ya miti, aliwarudisha walimu gatini, nao hawakukubali kuondoka bila Chenda kuwasindikiza. Waliagana kwa maneno mengi. Kurudi wakawa wawili tu, Chenda mbele, Borin kwenye usukani, sahani ya wali aliowekewa ikiwa magotini mwake hatimaye, anakula kwa mkono mmoja.

Walikwenda kitambo. Kisha Borin akapunguza injini.

"Injini ya Theng ilipokufa kule kwenye miti," akasema, "uliogopa?"

"Niliogopa sana. Nyumba ilikuwa inalia kama ng'ombe. Nikasema moyoni, akitokea sasa hivi yule mwanamume, simsemi hata neno moja."

"Mbona ulinisema?"

"Hukutokea saa ile," Chenda akasema. "Ulitokea baada ya saa mbili." Akanyoosha mkono nyuma bila kugeuka, na Borin akampa kipande cha samaki.