Mkono wa Kibwana

Mwaka 1952 Kibwana aliajiriwa na shamba moja la mkonge karibu na Bagamoyo, wala si kwa kukata mkonge. Aliajiriwa kurusha mpira. Meneja aliipenda kriketi kuliko mkonge wenyewe, na hakuwa na mtu mwingine wa kurusha kwa kasi ile, mpira umpite mpigaji na kuangusha vijiti vitatu vilivyo nyuma yake.

Taabu ilikuwa kuwaeleza watu. Alipokwenda Mkange kumwamkia mama mkwe wake, Bimdogo, mambo yakawa yale yale.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Siku hizi wafanya kazi gani?"

"Narusha mpira, mama."

"Ukisha kuurusha?"

"Wananirudishia. Naurusha tena."

Bimdogo akamtazama bintiye, Mwanaasha, kwa huruma. "Basi kesho ukanirushie mawe. Nyani wamenimalizia mahindi."

Kibwana alieleza kuwa Jumamosi wanacheza na timu ya Dar es Salaam, na bega si la kuchezea. Mwanaasha akamfinya. "Mawe tu hayo! Utamkatalia mama?"

Akashinda kondeni siku mbili. Kila nyani alipopatwa, Bimdogo alipiga vigelegele na kuwaita majirani waje wamwone mkwewe. Uwanjani hakuna aliyewahi kumshangilia vile, na hilo nalo likamuudhi.

Jumamosi bega lilikuwa limevimba. Mpira wa kwanza ulidondoka karibu na miguu yake mwenyewe. Wa sita ulipigwa ukapotelea mkongeni.

"Mkono umeufanya nini?" meneja alifoka.

"Nilikuwa ukweni, bwana."

Jumatatu akapelekwa korona, kwenye mashine ya kuchana mkonge, akarudi nyumbani ananuka uvundo wa majani. Mwanaasha aliposikia aliweka ungo chini.

"Alhamdulillahi! Sasa nikiulizwa kazi yako, nina la kusema."



Bega lilipona baada ya mfungo, lakini timu ilikwishapata mtu kutoka Tanga. Hakuitwa tena. Jioni alizunguka nyuma ya korona, akarusha ukutani mpira wa matambara alioufunga kwa kamba, akauokota, akarusha tena. Siku moja mnyapara alimkuta huko.

"Kibwana, wafanya nini?"

Alihema. Akautia mpira mfukoni.

"Sifanyi kitu," alisema, akaenda zake.