Kikohozi cha Mkwe

Nakhumicha wa Bungoma alikuwa na mdomo usiopumzika hata Jumapili. Mara mbili alikuwa ameenda Kitale kujifunza sala ya kimya, na mara mbili akashindwa. Mara ya kwanza alimwambia jirani yake kola imekunjika. Mara ya pili akacheka, akawaambukiza watu wote wanane.

"Mama, leo ni mara ya mwisho," Sista Jepkoech, mwalimu wao, alimwambia aliporudi mara ya tatu. "Ukiongea, hicho kikundi cha sala cha Bungoma nitapatia mtu mwingine akiongoze."

"Siongei, Sista. Si hata njiani nimenyamaza."

Uongo mtupu. Alikuwa ameongea tangu Kamukuywa. Lakini kikundi alikitaka kwa moyo wote. Tangu afiwe na mumewe, nyumba yake ilikuwa na kimya cha kuogopesha, naye alikuwa amesikia kwamba kuna kimya kingine, chenye Mungu ndani.

Kengele ikalia. Dakika ishirini. Wakafumba macho, kila mtu na neno lake la kurudia moyoni mawazo yakitoroka. La Nakhumicha lilikuwa Baba. Baba. Kuku amefungiwa? Baba. Mlango ukalia, mchelewaji akaketi kwenye kiti kilichobaki, ubavuni pake. Kisha huyo mchelewaji akashtuka, akakohoa mara mbili.

Nakhumicha akatega sikio. Kikohozi hicho alikijua. Kwa miaka sita Hesbon, mume wa binti yake Roselyne, alikohoa hivyohivyo kila alipokaribia boma lake, ili mama mkwe apate kujificha. Kwa mila ya kwao, mama mkwe na mume wa binti yake hawatazamani usoni, sembuse kuketi bega kwa bega.

Akikimbia, kikundi kimekwenda. Akifumbua macho, heshima imekwenda. Basi akayabana. Aliyefumba macho hajamwona mtu, alijiambia. Kicheko kikampanda hadi kwenye meno, akakimeza, na hapo akasikia kiti cha jirani nacho kinatetemeka.

Kengele ikalia tena. Watu wakajinyoosha. Wakwe wawili hawakufumbua macho, kila mmoja akimngoja mwenzake aondoke.

"Waacheni," Sista akanong'ona. "Wamezama."

Wakaendelea kuzama. Kicheko kikachoka. Kuku akasahaulika. Hata lile neno Baba likamtoka taratibu, na Nakhumicha hakulifuata. Kilikuwa kimya kilekile cha nyumbani kwake, ila sasa hakuwa peke yake ndani yake. Machozi yakamtiririka, naye anatabasamu.

Baadaye sana nyayo zikapapasa sakafu. Zikagonga meza, zikagonga ukuta, zikapata mlango. Huko nje mtu akakohoa mara mbili: njia nyeupe, mama.

Nakhumicha akafumbua macho. Saa ya ukutani ilionyesha kwamba dakika hamsini zimepita.

"Mama, ulikuwa umefika wapi?" Sista akauliza kwa heshima kubwa.

Akafungua mdomo kueleza, akakuta hana neno hata moja. Furaha ikamzidi, akamkumbatia Sista wa watu mpaka kengele aliyoishika ikaanguka chini.