Ndoo Niliyoifukia

Kuku ndio walionishtua. Wawili walikuwa wanachakura mahali pamoja tu, chini ya mpapai, pale ambapo siku iliyopita nilikuwa nimesawazisha udongo kwa nyayo zangu. Kabla sijawafukuza, lango likagongwa kwa kitako cha bunduki. Nikakimbilia jikoni, nyuma ya pazia.

Nilikuwa nakaa mtaa wa Buyenzi kwa baba mdogo Uthmani, fundi wa magari. Kabla ya hapo nilifanya kazi ya nyumbani mtaa wa Rohero kwa Madamu Han, Mkorea, mpaka aliporudi kwao kwa sababu ya vita. Yeye ndiye aliyenifundisha kimchi: kabichi ndefu unaipasua, unailaza kwenye chumvi mpaka ilegee, kisha unapaka kila jani pilipili, tangawizi na kitunguu saumu. Mimi niliongeza ndagala, dagaa wakavu wa kwetu, wa kutwanga. Unaacha siku kadhaa, inachacha.

Kwake kulikuwa na friji. Kwetu hakuna. Lakini aliwahi kuniambia kwamba bibi yake alikuwa anafukia mtungi ardhini, kimchi isiharibike upesi. Basi baba mdogo alipokuwa garaji, nikachimba shimo, nikafukia ndoo. Sikumwambia. Angenicheka kwamba naozesha mboga kwa makusudi.

Sikufikiri kabisa. Miaka ile hakuna mtu aliyechimba shimo uani kwake. Wiki moja kabla, barabara ya pili kutoka kwetu, wanajeshi walifukua bunduki kwenye ua wa mtu. Mwenye nyumba hakuonekana tena.

Kwetu walikuja wanne. Mkubwa wao alitazama kuku, akaenda pale, akabonyeza udongo kwa buti.

"Nani alichimba hapa?"

Baba mdogo akajibu kwamba hapa hakuna aliyechimba. Alisema bila wasiwasi, kwa kuwa ndivyo alivyojua.

"Mzee, hii udongo ni ya jana. Nani alichimba?"

"Wallahi, mi sijui."

Askari mmoja akacheka, akasema labda huyu Mwislamu ameanza kuivisha ndizi za pombe shimoni kwa siri. Mkubwa wao hakucheka. Alimpiga baba mdogo kwa kitako cha bunduki, kwenye sikio la kushoto.

Wakamwamuru afukue kwa mikono. Alifukua huku damu ikimtiririka shingoni, mpaka kifuniko cha ndoo kikatokea, kimevimba kama tumbo. Madamu alinionya nisikikaze, hewa ipate kutoka. Nilikuwa nimekikaza kwa kuogopa siafu. Askari wote wakarudi nyuma. Mkubwa wao akamwambia baba mdogo afungue, yeye peke yake, wao wakiwa nyuma ya ukuta.

Hapo nikatoka.

"Ni chakula," nikasema. "Mi ndiye nilichimba."

Nikapiga magoti, nikainua kifuniko. Kiliruka kwa kishindo, nikasikia bunduki inakokiwa. Kisha harufu ikajaa ua mzima. Nikachukua jani nikala, nikala la pili na la tatu, machozi yakinitoka kwa pilipili.

"Munakula hii kitu?" mkubwa wao akauliza.

"Ndiyo, afande."

"Basi nyinyi, vita haitawaweza."

Wakaondoka.

Majirani waliisimulia siku ile kwa muda mrefu. Baba mdogo huisimulia mpaka leo, akigeuza sikio la kulia ili asikie watu wanavyonisifu. Husema kwamba nilikuwa bombani nachota maji, nikasikia kelele, nikakimbia bila kuogopa. Mimi ndiye niliyemwambia hivyo.

Baba mdogo, sikuwa bombani. Nilikuwa nyuma ya pazia. Swali nililisikia mara ya kwanza, nikalisikia na mara ya pili, na jibu nilikuwa nalo. Nilinyamaza kwa sababu nilijua watachukua mtu mmoja tu, na nilitaka uwe wewe.