Sisi Haturuki

Alhamisi jioni Thelma Entwistle alikuwa akipanga viti kwenye ukumbi wa mji, birika la chai likiunguruma jikoni. Thelma alikuwa mchawi, na hilo hakumficha mtu, hata muuza nyama. Kila wiki alifundisha Wicca, dini yake ya kichawi, kwa yeyote aliyetaka kuijua: kwamba wachawi wa leo hawana habari na Shetani, kwamba sikukuu zao hufuata majira ya mwaka, kwamba sharti kubwa ni kutomdhuru mtu, na kwamba ufagio ni wa kufagia mahali kabla ya kuchora duara la ibada. Baada ya somo watu walikula keki.

Swali la kwanza lilikuwa lilelile siku zote. Safari hii aliliuliza fundi bomba mmoja, kwa adabu zake: je, mnaruka angani?

"Haturuki," alisema Thelma, na visigino vyake vikaachana na sakafu.

Alikuwa akilijibu swali hilo tangu nywele zake zikiwa nyeusi, na huenda mwili ulichoka kubishana. Aliendelea kueleza matumizi ya chumvi na maji. Mwanafunzi mwingine alipouliza tena, alikanusha tena, akapanda hadi usawa wa kingo za madirisha, na hapo akabaki. Rafiki yake Beryl Tattersall, mkata keki wa siku zote, alimfunga kiunoni kamba ya kuanikia nguo ili upepo usimchukue njiani kwenda nyumbani.

"Shukuru umevaa soksi nzima, shoga," alimwambia.

Kamati ya ukumbi ilimwita wiki hiyohiyo. Mwenyekiti, Derek Howarth, alikuwa na duka la zawadi lililojaa vikombe na taulo za jikoni zenye picha ya mchawi juu ya ufagio. Alimnyooshea Thelma chai kule juu, kisha akaeleza kwamba darasa lake lazima lifungwe, maana wazazi wanaona mambo ya uchawi hayawafai watoto.

Hasira zilimpanda Thelma, lakini sauti haikupanda.

"Mji huu ulinyonga wanawake kwa tuhuma za uchawi, Derek, na hakuna hata mmoja wao aliyekuwa mchawi. Leo unawauza wakiwa juu ya ufagio. Miguu yao iliiacha ardhi siku moja tu. Itazame yangu. Yao ilikuwa juu hivi hivi."

Wanakamati wakaitazama. Howarth alikiri kwamba hoja ni nzito, akaitisha kura, na mikono yote ikapanda kumkatalia. Kisha akalainisha sauti.

"Ila kwenye tamasha la Oktoba utatufaa sana, bibie. Watalii watakupenda. Ufagio tutakupa."

"Ufagio ninao," alisema Thelma. "Nafagilia."

Alhamisi iliyofuata alifundisha kwenye maegesho ya magari, mvuani. Beryl alimfunga kwenye nguzo ya kibao cha kukaribisha wageni mjini, chenye mchawi wake anayeruka. Fundi bomba alikuja na mwavuli na mkewe. Mtalii mmoja alishuka basini, akamtazama mchawi wa kibaoni, akamtazama Thelma aliyekuwa sambamba naye, kisha akauliza kama ni kweli wanaruka.

"Haturuki," alisema Thelma, na kamba ikakazika. "Swali jingine."