Machozi ya Kumuaga Mwalimu

Mwalimu wetu wa uigizaji alikuwa na sheria moja: anayelia kweli hujitahidi asilie. Basi siku ya kumuaga, ukumbi ukajaa watu wanaojitahidi. Mmoja alikagua dari, mwingine akainama kufunga kamba za viatu, naye kavaa kandambili.

Mwalimu akapita katikati yetu akitukosoa.

"Wewe, tuliza mabega. Na wewe, kamasi zimezidi."

Tukaangua kicheko huku machozi yakitiririka, tukaharibu kila kitu. Yeye akatupa mgongo, akaanza kupanga viti vilivyokwisha kupangwa.

"Mama, mwalimu analia?" nikamnong'oneza mkewe.

"Atakuambia anaigiza," akajibu, akichomoa leso. "Usimsikilize. Tangu anioe, huyu bwana kuigiza hajui."